Mali Bila Daftari: Safari Yangu ya Kwanza Bara

Nimezaliwa Mombasa, nimesomea Mombasa, na ualimu nimeufanya Kisauni na Likoni mpaka nikastaafu. Bara nilikuwa naisikia kwa wenzangu. Mwisho wangu ulikuwa Voi, tena kwa mazishi. Kilichonifikisha Nairobi kwa mara ya kwanza ni kesi. Mtoto wa dada yangu, kijana niliyemshika mkono nikimfundisha kuandika herufi, alikuwa ameshtakiwa kwamba amemwibia mwajiri wake, na mashahidi walipangiwa kuanza kutoa ushahidi mwezi wa saba.

Mpwa wangu alikuwa mtunza stoo katika duka la jumla la vifaa vya ujenzi. Alianza kazi mwezi wa tano. Mwaka uliofuata mali ilipohesabiwa, rola 18 za waya wa umeme hazikuonekana. Aliitwa ofisini asubuhi, akatoka usiku, akiwa ameshatia sahihi karatasi inayosema kwamba anakubali kulipa upungufu. Kesho yake akapelekwa kituo cha polisi, na siku iliyofuata akasimamishwa mbele ya hakimu, akakana shtaka. Tukachangishana, ndugu wa Mombasa na wa Lamu, tukamtoa kwa dhamana ya pesa taslimu. Kazi ilikuwa imekwisha.

Dada yangu alikataa kubaki nyumbani.

"Kaka, mimi sikai hapa kungojea simu," aliniambia. "Nataka nimwone mwanangu akisimama, na yeye anione nimekaa."

Usiku alikanda unga wa mahamri. Alfajiri akayafunga kwenye kitambaa pamoja na chupa ya achari ya ndimu, tukashika matatu kwenda Miritini.

Pale stesheni mizigo hupangwa chini kwa mstari, wenyewe wakasogea nyuma, na mbwa wa polisi akapitishwa akinusa mkoba mmoja baada ya mwingine. Baada ya hapo ni mashine, vitambulisho na tiketi, kisha ngazi ndefu ya kupanda. Treni iliondoka saa mbili kamili. Minazi ya Mazeras ikaanza kuachana, halafu ikaisha. Mariakani ikapita. Tukaingia nyika ya Taru, vichaka vya miiba na udongo mwekundu, mbuyu mmoja hapa na mwingine kule, na mbuzi wasioonekana mchungaji wao.

Reli hii mpya ilifunguliwa tarehe 31 Mei 2017. Imeinuliwa juu ya tuta refu, na ndani ya Tsavo imeachiwa mapengo ya chini ili wanyama wavuke. Tembo tuliwaona, wekundu kwa vumbi la ardhi yao, nao watoto waliokuwa behewani wakapanda viti kuwatazama. Mbele ya Voi tukauvuka mto Tsavo, ule ambao kando yake mwaka 1898 simba waliua wafanyakazi wa reli ya kwanza mpaka ujenzi ukasimama. Reli ile ilianzia Mombasa mwaka 1896, ikafika Kisumu mwaka 1901, na waliolaza vyuma vyake wengi walikuwa vibarua walioletwa kutoka Bara Hindi. Karibu 2,500 kati yao walifia kazini. Haya niliyafundisha darasani kwa miaka mingi. Siku ile, nikiwa dirishani, niliwafikiria vijana wetu wanaopita njia hiyo hiyo kwenda kutafuta riziki. Mtu huondoka kwao na jina jema, akalipoteza mahali ambapo hata jirani hamjui kiasi cha kumtetea.

Dada yangu hakuwa akitazama tembo. Tasbihi ilikuwa mkononi tangu Mariakani. Tulipopita Mtito Andei aliniuliza swali ambalo najua alikuwa amelibeba muda mrefu.

"Kakangu, na kama kweli alichukua?"

Nikamwambia, "Kama alichukua, atahukumiwa kwa kuthibitishiwa. Wala si kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa na ufunguo."

Kibwezi, Emali, kisha uwanda wa Athi ukafunguka, mpana na wa manjano. Hewa ilikuwa imebadilika. Tuliposhuka Syokimau saa za alasiri, baridi ya Julai ilitupiga kifuani. Nairobi iko karibu mita 1,700 juu ya usawa wa bahari, na mtu wa Pwani huujua urefu huo kwa mifupa yake kabla ya kuusoma kitabuni. Mpwa wangu alikuwa anatungoja nje ya lango. Alikuwa amekonda. Akasema, "Shikamoo, mjomba," nikaitikia, na kabla sijamaliza mama yake ameshamshika uso kwa mikono miwili.

Ndani ya matatu kuelekea mjini hakusema sana. Tulipokwama kwenye msongamano wa Barabara ya Mombasa aliniegemea akanong'ona, "Mjomba, watu wananiangalia kama nimeshafungwa. Hata mwenye nyumba amenidai kodi ya miezi miwili mbele."

Usiku ule, chumbani kwake Umoja, nikaomba nione hati ya mashtaka. Ni karatasi moja tu. Imeandikwa kwamba mshtakiwa, akiwa mwajiriwa wa mlalamishi, aliiba mali iliyomfikia kwa ajili ya kazi yake, kinyume cha kifungu cha 268 kikisomwa pamoja na kifungu cha 281 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya. Hilo ndilo kosa la wizi wa mtumishi. Mwizi wa kawaida, chini ya kifungu cha 275, adhabu yake haizidi miaka 3 gerezani. Mtumishi aliyemwibia mwajiri anaweza kufungwa hadi miaka 7. Sheria imeona kwamba aliyeaminiwa akaiba ametenda mabaya mawili, kuchukua mali na kuvunja amana. Mimi sina ugomvi na hilo. Wafanyakazi wezi wapo, na wenye maduka waliofilisika kwa mikono ya watu wao wapo. Lakini adhabu ikiwa nzito, uthibitisho nao lazima uwe mzito kwa kiasi hicho hicho.

Asubuhi tuliondoka kungali giza. Korti ilikuwa moja ya zile za mahakimu zilizotapakaa jijini. Uani palikuwa na watu kama sokoni: mawakili wenye suti nyeusi na mafaili kwapani, kina mama wenye vikapu, askari jela wakishusha watu kutoka kwenye lori, wawili wawili kwa pingu moja. Ukutani palibandikwa orodha ya kesi za siku, nayo imezungukwa na vidole vya watu wanaotafuta majina. Mpwa wangu alilipata la kwake karibu na mwisho. Akalisoma, akarudi akasimama kando yetu, akifunga na kufungua kifungo cha koti.

Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani, aliingia sote tukasimama. Kabla ya kesi za kusikizwa huanza wapya, wale wanaosomewa mashtaka kwa mara ya kwanza. Hapo ndipo nilipojifunza jambo nisilolitarajia.

Katika kizimba alipandishwa msichana, mfanyakazi wa nyumbani. Hakuwa na wakili. Karani akamsomea shtaka kwa Kiswahili, kwani sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kifungu cha 198, imeruhusu korti za chini zitumie Kiingereza au Kiswahili, na asiyezijua lugha zote mbili Katiba inampa haki ya mkalimani bila malipo. Shtaka lilikuwa kwamba ameiba simu na nguo za mwajiri wake.

"Ni kweli au si kweli?"

"Ni kweli," msichana akasema, kwa sauti ndogo.

Nikadhani yamekwisha. Hayakuisha. Katika kesi ya Adan ya mwaka 1973, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilipanga hatua za kupokea ungamo kama lile: shtaka lisomwe kwa lugha anayoielewa mshtakiwa, jibu lake liandikwe kwa maneno yake mwenyewe, kisha maelezo ya tukio yasomwe naye aulizwe kama anayakubali. Kiongozi wa mashtaka akasoma maelezo. Hakimu akageuka.

"Umesikia yaliyosomwa. Ndivyo ilivyokuwa?"

"Simu alinipa yeye mwenyewe, wakati hana pesa za mshahara wangu," msichana akajibu. "Nguo nilikuwa nafua."

Hakimu akaweka kalamu, akamtazama, kisha akaandika upya: mshtakiwa amekana. Kesi ikapewa tarehe, na hakimu akamweleza taratibu kwamba ana haki ya kuwa na wakili. Katiba ya mwaka 2010, ibara ya 50, inasema kwamba pale ambapo kukosa wakili kutamdhulumu mshtakiwa pakubwa, serikali impe mmoja, na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2016 imeunda taasisi ya kusimamia kazi hiyo. Msichana alitikisa kichwa kuitikia. Sina hakika kama aliyaelewa yote. Nilichokielewa mimi ni kwamba angekuwa mbele ya mtu mwenye haraka, neno lake la kwanza lingemfunga.

Ilikaribia saa sita ndipo jina la mpwa wangu likaitwa. Akapanda kizimbani, akashika chuma cha mbele kwa mikono miwili. Dada yangu akajisogeza ukingoni mwa benchi ili mtu wa mbele asimzibe.

Shahidi alikuwa meneja wa duka, mtu nadhifu, mwenye adabu, na kwa kumsikiliza sikuona kwamba ana chuki. Aliapa, kiongozi wa mashtaka akamwongoza. Alieleza jinsi walivyohesabu mali, jinsi kadi za stoo zilivyosema moja na rafu zikasema jingine. Alisema mtunza stoo ndiye mwenye ufunguo. Kila jibu lilipotoka alingoja, maana hakimu alikuwa akiandika kwa mkono wake, na ukumbini hukusikia kitu ila kalamu na kikohozi. Ule utaratibu wa polepole nilianza kuupenda. Uongo na ukweli vyote hupewa muda wa kusikika.

Kisha akatoa ile karatasi, ya "nakubali kulipa."

Wakili tuliyemwekea kijana akasimama. "Mheshimiwa, naipinga."

Palizuka mabishano ya kisheria, ya heshima lakini makali. Hoja ya wakili ilikuwa kifungu cha 25A cha Sheria ya Ushahidi. Maungamo ya mshtakiwa hayapokewi kortini isipokuwa ameyatoa mbele ya jaji au hakimu, au mbele ya afisa wa polisi wa cheo kilichowekwa na sheria, asiyekuwa mpelelezi wa kesi yenyewe, na mshtakiwa awe na mtu wake aliyemchagua. Karatasi hii, akasema wakili, iliandikwa ndani ya ofisi ya mlalamishi, usiku, kijana akiwa peke yake kati ya wakubwa wake, na mlango una askari wa kampuni. Kiongozi wa mashtaka akajibu kwamba hayo si maungamo ya wizi, ni ahadi ya kulipa deni. Hakimu akawauliza wote wawili: deni linalotokana na nini?

Akaandika kwa muda. Kisha akasoma uamuzi wake kwa maneno machache: karatasi haipokewi. Ikarudi kwenye faili la upande wa mashtaka bila kupewa nambari ya kielelezo. Mpwa wangu akaachia chuma cha kizimba kwa mara ya kwanza, akafuta viganja kwenye suruali.

Hapo ikafika zamu ya wakili kumhoji shahidi. Hakupaza sauti hata mara moja. Aliomba apewe kadi ya stoo ya zile waya, kielelezo kilicholetwa na upande wa mashtaka wenyewe. Ilipita mkononi mwa karani mbele yangu, nikaiona: kadi ya rangi ya kijani, imechakaa pembeni, ina safu za tarehe, kilichoingia, kilichotoka, kilichobaki na sahihi.

"Shahidi, mshtakiwa alianza kazi mwezi gani?"

"Mwezi wa tano."

"Kabla yake stoo ilikuwa mikononi mwa nani?"

"Kulikuwa na kijana mwingine. Aliacha kazi mwezi wa nne."

"Siku aliyoacha, nani alihesabu mali naye?"

"Tulikuwa tumehesabu Desemba."

"Siulizi Desemba. Nauliza siku aliyorudisha funguo."

Kimya. "Haikuhesabiwa siku hiyo."

"Na siku mshtakiwa alipokabidhiwa funguo, mali ilihesabiwa mbele yake?"

"Alikuta kadi. Aliendelea nazo."

"Tafadhali isomee korti mstari wa mwisho wa mwezi wa nne. Kilichobaki ni ngapi?"

Meneja akaisogeza kadi karibu na macho. Akaipeleka kwenye mwanga wa dirisha. "Imefutwa kwa wino mweupe. Juu yake imeandikwa upya."

"Sahihi ya nani?"

"Hapana sahihi."

Hakimu akanyoosha mkono, akaitaka kadi, akaitazama mwenyewe. Kisha akaandika, na niliona ameandika zaidi ya lile jibu moja.

Wakili akaendelea. Funguo za stoo ni ngapi? Tatu. Ziko kwa nani? Mmoja kwa mtunza stoo, mmoja kwa meneja, mmoja kwa dereva wa lori, kwa kuwa mizigo ya wateja wengine hutoka usiku. Usiku mizigo ikitoka, mtunza stoo yupo? Hayupo, ameshakwenda nyumbani. Kuna daftari la nani amefungua stoo saa ngapi? Hakuna. Mshtakiwa amewahi kukutwa getini na mali? Hapana, na kila mfanyakazi hupekuliwa jioni. Waya hata mmoja umepatikana kwake, au kwa mtu aliyesema alimuuzia? Hapana.

Kiongozi wa mashtaka alisimama mara ya mwisho kuirekebisha hali. "Shahidi, kuna mtu mwingine unayemjua aliyechukua mali hiyo?"

"Simjui," meneja akasema.

Nilimtazama mpwa wangu. Alikuwa ameinamisha kichwa. Watu waliokaa nyuma yangu wakanong'onezana kwamba swali lile limemmaliza. Nje, wakati wa mapumziko, nilimfuata wakili kwenye korido nikamuuliza kama ni kweli.

"Mwalimu," akaniambia, "si kazi ya mshtakiwa kumtafuta mwizi."

Akanieleza akiwa amesimama, faili kifuani. Mwaka 1935, nchini Uingereza, Baraza la Mabwana lilimwachilia kibarua wa shambani aitwaye Woolmington, na katika kesi ile likaweka wazi kwamba ni upande wa mashtaka unaobeba mzigo wa kuthibitisha kosa, tangu mwanzo hadi mwisho. Kanuni hiyo ikapokewa huku kwetu, na leo Katiba yenyewe inasema mshtakiwa ahesabiwe hana hatia mpaka ithibitishwe vingine. Tena pale ambapo hapana aliyeona kwa macho, na kinachotumika ni ushahidi wa kimazingira, kuna kipimo cha mwaka 1949, cha kesi ya Kipkering arap Koske katika Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki. Mambo yanayomwelekea mshtakiwa lazima yawe hayawezi kupatana na kutokuwa na hatia kwake, wala kuelezeka kwa njia nyingine yoyote ya busara isipokuwa kwamba ndiye.

"Funguo tatu," akasema wakili, "na hesabu isiyofanywa. Hizo ni njia nyingine ngapi?"

Wahenga wetu walilisema kwa ufupi zaidi: mali bila daftari hupotea bila habari. Nilikuwa nimeisikia methali hii tangu utoto nikidhani ni ya wenye mali tu, kuwaonya wasifilisike. Kortini niliona kwamba ni ya mfanyakazi pia, na pengine ni yake zaidi. Mwenye duka akikosa daftari hupoteza bidhaa. Mtunza stoo akikosa daftari hupoteza jina, kazi na huenda miaka saba ya ujana wake. Mpwa wangu alipopokea ule ufunguo bila kuhesabiwa, alipokea na upungufu wa aliyemtangulia, kama ulikuwepo, na hakuna aliyeweza tena kusema ni upi wa nani.

Mchana aliitwa bawabu. Huyu alikuwa shahidi wa upande wa mashtaka, mzee mwenye kofia aliyoivua na kuikunja. Alisema yale yale ya getini: kila jioni humpekua kila mtu, na kijana huyu hakumkuta na kitu. Alipoulizwa kuhusu usiku alisema lori likitoka hufungua lango, hahesabu kilichomo, hakupewa kazi hiyo. Alisema bila woga na bila kumpendelea mtu. Alipokuwa akishuka alipita karibu na benchi letu, akamwona dada yangu akilia, akasimama kidogo akasema, "Pole, mama," akaenda zake.

Mpelelezi hakufika siku ile, kesi ikaahirishwa. Kwa wageni wa korti hilo linaumiza: umetoka mbali, umelipa nauli, umekesha, na mwisho unapewa tarehe. Nilijifunza kwamba kuahirishwa ni sehemu ya maisha ya pale, na kwamba familia nyingi huchoka zikamwacha mshtakiwa apande kizimbani peke yake. Tulikubaliana na dada yangu kwamba sisi hatutachoka.

Jioni tulikula mahamri yaliyobaki kwa chai ya rangi, chumbani Umoja, blanketi mabegani. Kijana alizungumza kwa mara ya kwanza kama zamani. Alisema jambo moja lililonikaa: kwamba meneja alipoisoma ile kadi kwa sauti, yeye mwenyewe ndipo alipoielewa. Mwaka mzima aliishika kila siku akiandika juu yake, na wino mweupe hakuwahi kuutilia maanani.

Tulirudi Pwani kwa basi la usiku. Kesi iliendelea bila mimi kuwapo kila mara, ingawa dada alikuwapo. Upande wa mashtaka ulipofunga, hakimu alitoa uamuzi chini ya kifungu cha 210 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai: mshtakiwa hana kesi ya kujibu, ameachiliwa huru. Aliandika kwamba korti haiwezi kusema mali haikuibwa, wala haiwezi kusema iliibwa na nani, na kwamba shaka, hata ikiwa kubwa namna gani, haisimami mahali pa ushahidi. Dhamana ilirudishwa kwa risiti tuliyokuwa tumeitunza ndani ya msahafu wa dada.

Kazi haikurudi. Hilo ni jambo jingine, na wengi hulichanganya. Kuachiliwa na korti ya jinai hakumrejeshi mtu kazini moja kwa moja. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 44, inamruhusu mwajiri kumfuta mfanyakazi anayeshukiwa kwa sababu za msingi kwamba ametenda jinai dhidi yake. Ila kifungu cha 41 kinamtaka kwanza amweleze mfanyakazi tuhuma kwa lugha anayoielewa, na amsikilize akiwa na mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama aliyemchagua. Mpwa wangu hakusikilizwa hivyo. Alifungiwa ofisini. Aliyefutwa isivyo haki anaweza kulipwa fidia ya hadi mshahara wa miezi 12, na mlango wake ni Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, kabla miaka 3 haijapita. Kijana amefungua madai yake.

Nawasihi wenye maduka, maghala na nyumba zenye watumishi: kumshuku mtu si kosa, mali yenu inawauma na mna haki ya kuilinda. Ilindeni kwa hesabu. Mtu akiondoka, hesabuni naye. Mwingine akiingia, hesabuni naye. Funguo ziwe na daftari lake. Mkiibiwa kweli, ni daftari hilo litakalomfunga mwizi, maana bila hilo hata mwizi halisi huenda akatoka mlango ule ule.

Nanyi jamaa wa mshtakiwa, nendeni kortini. Kesi husikizwa hadharani na benchi la nyuma ni la kila mtu. Msimhukumu kijana wenu kabla ya hakimu.

Na wewe kijana unayeanza kazi wiki hii, usitie sahihi karatasi yoyote ya kukubali kosa ukiwa umefungiwa peke yako usiku. Na kabla hujapokea ufunguo wa stoo ya mtu, hesabu kilichomo, kiandike, mtie sahihi wote wawili, kisha baki na nakala yako.